Mizani inasema misuli imepanda kilo tatu kwa siku moja. Tupime mafuta na misuli namna gani?

kocha_kampemba (Lubumbashi)

Habari za wote. Swali langu ni la vipimo, na ningependa lijibiwe na watu wanaopima wengine, si wauzaji wa mashine.

Kwenye sale yetu (ukumbi wa mazoezi) hapa Kampemba tuna mizani ya elektroniki, ile unayopanda peku na inakutolea uzito, asilimia ya mafuta, kilo za misuli, maji, mpaka "umri wa mwili". Wateja wanaipenda. Mimi namba zake zinanitia mashaka. Mfano wa mwanaume mmoja, miaka 30, urefu sm 172, siku hiyohiyo moja:

Saa 12 asubuhi: kilo 74.2, mafuta 18.4%
Saa 12 jioni, kabla ya mazoezi: kilo 75.6, mafuta 15.9%

Ukipiga hesabu, uzito usio na mafuta umetoka kilo 60.5 hadi kilo 63.6. Hakuna mwili unaojenga kilo tatu za misuli kati ya asubuhi na jioni. Lakini mteja anaona mafuta yameshuka, anafurahi. Juma linalofuata yanapanda, anasema programu ya mazoezi haifai na anataka kuacha.

Mizani inakosea wapi? Na mtu mwenye mita ya fundi cherehani, pensi ya kupimia mikunjo ya ngozi (ile ya plastiki) na daftari anaweza kufika wapi kwa uhakika? Zaidi ya yote, nitajuaje kwamba mabadiliko niliyoyaona ni ya mwili na si ya mkono wangu? Nina wateja wanaume na wanawake.

kine_kamalondo

Kocha, mizani yako haijaharibika. Ila haipimi kile kilichoandikwa kwenye kioo chake.

Vitu inavyovipima kweli ni viwili tu: uzito, na ukinzani wa mwili dhidi ya mkondo mdogo sana wa umeme (chini ya miliampea 1, mara nyingi kwa masafa ya kilohezi 50) unaoingia kwa mguu mmoja na kutokea kwa mwingine. Maji yenye chumvi yanapitisha umeme, mafuta yanauzuia, na misuli imejaa maji. Basi mashine inachukua urefu ulioandika, inauzidisha kwa wenyewe, inagawanya kwa ukinzani, inaongeza uzito, umri na jinsia kwenye fomula ya kiwanda, na inakisia maji ya mwili. Halafu inachukulia kwamba karibu 73% ya uzito usio na mafuta ni maji, inapata uzito huo, na kinachobaki inakiita mafuta. "Kilo za misuli" ni makisio yaliyojengwa juu ya makisio hayo. "Umri wa mwili" usiusome kabisa.

Sasa mteja wako wa jioni. Mchana kutwa amesimama na kutembea, maji yameshuka miguuni, na njia ya umeme iko hukohuko miguuni. Ukinzani unapungua, fomula inadhani mwili una maji mengi, yaani misuli mingi. Kilo 1.4 zilizoongezeka ni chakula na vinywaji, lakini fomula imezigawa inavyojua yenyewe. Kifua, tumbo na mikono mashine hiyo haijavigusa karibu hata kidogo: imepima miguu na kukisia mtu mzima.

Kwa hapa Lubumbashi kuna mambo ambayo vitabu vya maelekezo havisemi. Asubuhi ya mwezi wa saba, sakafu ya sementi ni baridi na nyayo ni baridi. Ngozi baridi inaongeza ukinzani, na mafuta "yanapanda". Mwezi wa kumi joto likija, kinyume chake. Mtu aliyepimwa mara ya kwanza katikati ya kipindi cha baridi na mara ya pili kwenye joto anaweza kuonekana amepungua mafuta wakati ni ngozi yake tu iliyopata joto. Vumbi la kiangazi nalo linakausha visigino na kuacha ngozi ngumu, na mguso wa vile vyuma vya mizani unakuwa mbaya. Pangusa nyayo kwa kitambaa chenye unyevu kabla ya kupanda, na mwache mtu akae ndani dakika 10 hadi 15 kwanza.

Urefu: ukiandika sm 175 badala ya 172, ile namba ya urefu mara urefu inapanda kwa 3.5%, na misuli inapanda nayo bila mtu kufanya lolote. Pima urefu wewe mwenyewe, bila viatu, usikubali ule wa kwenye kadi. Na ile alama ya "mwanamichezo" kwenye mipangilio inabadilisha fomula nzima: ukiiwasha tu, mafuta yanaweza kushuka pointi kadhaa papo hapo. Chagua upande mmoja kwa kila mtu, andika kwenye daftari, usiguse tena.

Ukitaka kuendelea kuitumia, basi iwe asubuhi, baada ya choo, kabla ya kula na kunywa, kabla ya mazoezi, usiku uliotangulia bila pombe, mizani ikiwa juu ya ubao mgumu au kigae kilicho sawa, isiyumbe. Wateja wako wa jioni wapime jioni siku zote, saa ileile. Mjamzito na mtu mwenye kifaa cha umeme cha moyo wasipande na ule umeme ukiwa umewashwa. Nyingi zina sehemu ya uzito peke yake.

Uzito wenyewe uhakikishe kila juma kwa bamba moja la chuma la kilo 20 kutoka kwenye sale. Si lazima liwe na kilo 20 kamili, mara nyingi halina. Linalotakiwa ni mizani isome namba ileile kila juma. Namba ikianza kuhama, badilisha betri kwanza.

mikunjo_safi

Mimi naona pensi yako ya plastiki itakufikisha mbali kuliko mizani, ukikubali kujifunza mkono. Kosa la kwanza la watu wengi ni kuamini namba ya pensi bila kuipima pensi yenyewe. Chukua meshi za kutobolea chuma, ya milimita 10 na ya milimita 20, zile za mafundi. Bana mwili laini wa meshi (upande unaoingia kwenye mashine, si upande wenye mizunguko) kati ya midomo ya pensi. Ikisoma 10 na 20, vizuri. Ikisoma 11 na 21, unaweza kutoa 1 kila mara. Ikisoma 10 na 23, itupe. Springi nayo inachoka: pensi nzuri inabana kwa gramu 10 kwa kila milimita ya mraba, na springi ikilegea mikunjo yote inaonekana minene.

Pima upande wa kulia wa mwili. Ngozi iwe kavu, kabla ya mazoezi, maana jasho linateleza na damu iliyojaa chini ya ngozi inanenepesha mkunjo. Na waambie wateja jambo hili siku moja kabla: asubuhi ya kupimwa wasijipake mafuta. Wakati wa kiangazi hapa kila mtu amejipaka glisirini au vazelini, na kidole hakishiki kitu.

Kwa mwanaume, sehemu tatu:

Kifua: mkunjo wa mshazari, katikati ya mstari kutoka ukingo wa mbele wa kwapa hadi chuchu.
Tumbo: mkunjo wa wima, sm 2 kulia kwa kitovu. Usibane kitovu chenyewe.
Paja: mkunjo wa wima, mbele ya paja, katikati kati ya kinena na ukingo wa juu wa pia ya goti. Uzito wa mwili uwe kwenye mguu wa kushoto, goti la kulia likunjwe kidogo.

Kwa mwanamke:

Nyuma ya mkono wa juu: wima, katikati kati ya ncha ya mfupa wa bega na ncha ya kiwiko, mkono ukining'inia.
Juu ya nyonga: mshazari, juu kidogo ya mfupa wa nyonga, kwenye mstari unaoshuka kutoka ukingo wa mbele wa kwapa.
Paja: kama kwa mwanaume.

Weka alama kwa kalamu ya wino. Usikisie kwa macho, sm 1 tu ya kuhama tumboni inabadilisha namba. Bana kwa kidole gumba na cha shahada, inua ngozi na mafuta, acha misuli chini. Ukiwa na shaka kama umeshika misuli, mwambie akaze misuli hiyo: mkunjo halisi unabaki mkononi, misuli inakuponyoka. Pensi iwekwe sm 1 pembeni ya vidole, si chini ya vidole, ikiwa imesimama wima dhidi ya mkunjo. Vidole vya mkono wa kushoto VISIACHIE mkunjo wakati pensi inabana. Achia kishikio cha pensi taratibu, hesabu sekunde mbili, soma. Ukingoja sekunde tano, mafuta yanazidi kubanwa na namba inashuka mbele ya macho yako.

Zunguka sehemu zote tatu mara ya kwanza, kisha rudia zote mara ya pili. Usipime sehemu moja mara mbili mfululizo, ngozi bado imebonyea. Namba mbili zikitofautiana zaidi ya milimita 2, pima mara ya tatu na uchukue ile ya katikati. Zikikaribiana, chukua wastani.

Mtu mnene sana ambaye mkunjo wake haushikiki, usimlazimishe. Pima kiuno tu, kwa muda, na uzito.

kocha_kampemba

Aksanti sana, hili la meshi nitalifanya leo. Ila nimeona fomula mbili za kugeuza mikunjo kuwa asilimia, na zinatoa majibu tofauti kwa mtu yuleyule. Moja inaisha na "495", nyingine "437.4". Ipi ni ya kweli?

hesabu_ya_mwili

Zote mbili zinaanzia mahali pamoja: mikunjo inatoa makisio ya msongamano wa mwili (gramu ngapi kwa kila sentimita ya ujazo), halafu msongamano unageuzwa kuwa asilimia ya mafuta. Sehemu ya kwanza ni ya watafiti Jackson na Pollock. Ya wanaume ni ya 1978, ya watu wa miaka 18 hadi 61. J ni jumla ya mikunjo mitatu kwa milimita:

Msongamano = 1.10938 − 0.0008267 × J + 0.0000016 × J × J − 0.0002574 × umri

Ya wanawake ni ya 1980, miaka 18 hadi 55:

Msongamano = 1.0994921 − 0.0009929 × J + 0.0000023 × J × J − 0.0001392 × umri

Vijana walio chini ya miaka 18 usiwaingize humu.

Sehemu ya pili ni ya mtafiti aitwaye Siri, 1961: mafuta % = 495 ÷ msongamano − 450. Hii inachukulia kwamba sehemu isiyo na mafuta ina msongamano wa 1.100 kwa kila mtu. Mwaka 1984 Schutte na wenzake, Marekani, waliona kwamba kwa wanaume weusi waliowapima sehemu hiyo ni nzito zaidi, karibu 1.113, wakatoa: 437.4 ÷ msongamano − 392.8. Watafiti waliokuja baadaye na mbinu zinazopima maji, mifupa na mafuta kila kimoja peke yake hawakukubaliana wote na tofauti hiyo.

Tumchukue mteja wako wa miaka 30, tuseme kifua 10, tumbo 22, paja 16. J = 48. Msongamano unatoka 1.06566. Kwa Siri ni 14.5%. Kwa Schutte ni 17.6%. Kwenye kilo 74.2 hiyo ni tofauti ya kilo 2.3 za "misuli", na hakuna aliyegusa hata chuma. Kwa hiyo jibu langu ni hili: kwa kumfuatilia mtu mmoja miezi na miezi, chagua fomula moja, iandike juu ya ukurasa wake, na usimlinganishe kamwe na mtu aliyepimwa kwa nyingine. Mimi ningetumia Siri kwa sababu ndiyo inayotumiwa na wengi, si kwa sababu ina ukweli zaidi kwa mwili wa mtu wa hapa.

Na ona nguvu ya kosa la mkono: ukisoma tumbo 25 badala ya 22, asilimia inapanda kutoka 14.5 hadi 15.4. Milimita tatu, gramu 650 za misuli zimepotea kwenye karatasi.

Kwa Excel ya Kifaransa, ambayo ndiyo iko kwenye kompyuta nyingi huku kwetu, andika koma badala ya nukta, la sivyo itakukatalia au itageuza namba kuwa tarehe:

=495/(1,10938-0,0008267*B2+0,0000016*B2*B2-0,0002574*C2)-450

B2 ni jumla ya mikunjo, C2 ni umri. Jaribu kwanza kwa 48 na 30; ikitoa 14.5 uko sawa. Kwa mwanamke weka namba za fomula yake, kisha jaribu J = 60 na miaka 28, inatakiwa 24.0.

mama_lishe_bukavu

Nasalimia kutoka Bukavu. Mmejibu vizuri kuhusu mafuta, lakini kocha ameuliza pia misuli, na hapo kuna kipimo kimoja ambacho sisi wa lishe tunakipenda na watu wa sale wanakisahau: mzunguko wa mkono wa juu pamoja na mkunjo wa nyuma ya mkono.

Tepe ya rangi tunayopimia watoto haitoshi kwa mkono wa mtu anayebeba chuma, tumia mita ya kawaida. Tafuta katikati kati ya ncha ya bega na ncha ya kiwiko, kiwiko kikiwa kimekunjwa, weka alama, kisha mkono ushuke na ulegee kabisa. Zungusha mita kwenye alama, iguse ngozi pande zote bila kuizamisha. Tunapopima utapiamlo tunatumia mkono wa kushoto. Ninyi mnapima mikunjo kulia, basi mzunguko nao uwe kulia, alama moja kwa vipimo vyote viwili.

Halafu: mzunguko wa misuli = mzunguko wa mkono − 3.1416 × mkunjo, vyote kwa sentimita.

Mfano. Mwanzo mkono sm 33.0, mkunjo milimita 9, yaani sm 0.9: inabaki sm 30.2. Baada ya miezi michache mkono bado sm 33.0, mkunjo milimita 7: inabaki sm 30.8. Mita peke yake ingesema hakuna kilichotokea. Kumbe mafuta yamepungua na misuli imechukua nafasi yake. Mfupa umo ndani ya hesabu hiyo, lakini kwa mtu mzima mfupa haubadiliki kwa miezi michache, kwa hiyo tofauti ni ya misuli. Fanya hivyohivyo kwa paja, na kwa shavu la mguu mahali penye unene zaidi.

Mita ya kitambaa ya fundi cherehani inavutika ikizeeka. Ilaze kando ya mita ya chuma ya fundi mwashi, sm 100 kwa sm 100. Ikipishana kwa zaidi ya milimita 5, nunua nyingine.

Kuhusu wateja wanawake: maji ya mwili yanabadilika na mwezi. Wengine wanavimba kilo moja au zaidi siku chache kabla ya hedhi, na mizani ya umeme inalisoma hilo kama jambo la misuli au mafuta. Mpime siku ileile ya mzunguko wake, kwa mfano siku ya 6 hadi ya 9 tangu hedhi ianze, na mwachie yeye ahesabu na akuambie "sasa". Na mpimaji awe mwanamke, nyuma ya pazia, bila watu kupitapita. Hili ni la heshima, na ni la vipimo pia: mtu anayeona haya anakaza tumbo, anajikunja, anashika nguo, na mkunjo wa nyonga unatoka ovyo. Namba zisitajwe kwa sauti mbele ya wengine.

swali_fupi_katuba

Vipi kuhusu DEXA? Nasikia ndiyo kipimo kisichokosea. Mtu akisafiri nje afanye?

kine_kamalondo

Ni nzuri, lakini kutokosea hapana. Inapitisha eksirei za nguvu mbili tofauti na kutenganisha mfupa, mafuta na sehemu laini isiyo na mafuta. Mionzi yake kwa mwili mzima ni midogo kuliko ya picha ya kifua. Tatizo ni kwamba hiyo "sehemu laini" ni misuli, maini, damu, maji na chakula kilicho tumboni. Ukinywa lita moja ya maji kabla ya kulala pale mezani, umeongeza karibu kilo moja ya sehemu laini. Na mtu aliyejinyima wanga halafu akala sahani kubwa za bukari (ugali) siku mbili: kila gramu ya glikojeni, yaani wanga uliohifadhiwa mwilini, inashika karibu gramu 3 za maji, kwa hiyo gramu 400 za glikojeni kwenye misuli ni kilo 1.6 kwenye karatasi. Kreatini nayo inaweza kuleta kilo moja au mbili za maji mwanzoni. Afanye kama nafasi ipo, asubuhi na njaa, na kurudia iwe kwenye mashine ileile. Asilinganishe namba hiyo na ya mizani ya kocha.

hesabu_ya_mwili

Swali la tatu la kocha halijajibiwa, nalo ndilo kubwa: nitajuaje ni mwili na si mkono wangu?

Chukua watu 10. Pima mkunjo mmoja, tuseme tumbo, kwa wote. Mtu mwingine aandike, wewe usione daftari. Futa alama za kalamu. Baada ya saa moja pima wote tena kuanzia mwanzo, pamoja na kutafuta mahali upya. Sasa angalia tofauti za kila mtu. Tuseme zimetoka, kwa milimita: 1, 0, 2, 1, 1, 0, 1, 2, 1, 1.

Zidisha kila moja kwa yenyewe na ujumlishe: 14. Gawanya kwa mara mbili ya idadi ya watu, yaani 20: 0.7. Tafuta kipeuo cha pili: 0.84. Hilo ndilo kosa la mkono wako kwa mkunjo huo. Lizidishe kwa 2.77: milimita 2.3. Tumbo la mteja likishuka kutoka 22 hadi 20, huna haki ya kumwambia amepungua. Likishuka hadi 18, mwambie kwa furaha.

Fanya hivyo kwa kila sehemu unayotumia na kwa mita pia. Mkono mpya utaanza na kosa kubwa, linapungua kwa mazoezi. Na wapimaji wawili kwenye sale moja wana makosa mawili tofauti: mteja abaki na mpimaji mmoja. Ukilazimika kubadilisha, wote wawili wampime siku ileile, muandike tofauti yenu.

Mimi ningeenda mbali zaidi: kwenye ukurasa wa mteja andika milimita na sentimita kwanza, na asilimia mwishoni au usiiandike kabisa. Jumla ya mikunjo ikishuka kutoka 48 hadi 40 wakati mzunguko wa misuli ya mkono na paja umebaki au umepanda, na kilo anazoinua zimepanda, hapo hakuna fomula inayohitajika. Mara moja kwa wiki nne inatosha. Uzito ndio unaoweza kupimwa kila asubuhi nyumbani, ukachukua wastani wa siku saba, maana uzito wa siku moja unabebwa na chumvi na chakula cha jana.

Uzito wa wastani ukishuka, mikunjo ikabaki palepale na mzunguko wa misuli ukapungua, huyo anapoteza misuli. Angalia kama anakula protini ya kutosha, karibu gramu 1.6 kwa kila kilo ya mwili kwa siku kwa anayefanya mazoezi ya uzito, na kama hajakata chakula kupita kiasi. Samaki wakavu wadogo, mayai na maharagi vinafika huko bila unga wa kwenye makopo.

kocha_kampemba

Nimepata zaidi ya nilivyotarajia. La mwisho: wapo wateja wasiotaka kubanwa na pensi. Nimeona ile hesabu ya shingo na kiuno ya jeshi la maji la Marekani. Inafaa?

mikunjo_safi

Inafaa kwa kumfuatilia mtu, ukijua udhaifu wake. Ni ya Hodgdon na Beckett, 1984. Kwa mwanaume, kwa sentimita:

Mafuta % = 495 ÷ (1.0324 − 0.19077 × log(kiuno − shingo) + 0.15456 × log(urefu)) − 450

Kwa mwanamke:

Mafuta % = 495 ÷ (1.29579 − 0.35004 × log(kiuno + nyonga − shingo) + 0.22100 × log(urefu)) − 450

Kwenye simu bonyeza "log", si "ln"; kwenye Excel ni LOG10. Kwa mwanaume kiuno ni usawa wa kitovu. Kwa mwanamke ni mahali pembamba zaidi, na nyonga ni mahali panene zaidi. Shingo ni chini kidogo ya kikoromeo, mita ikiinama kidogo kuelekea mbele, mabega yakiwa yamelegea.

Mtu wa sm 172, kiuno 84, shingo 38: 16.7%. Kiuno kikisomwa 86 inakuwa 18.2%. Kwa hiyo sm 2 za pumzi ni pointi moja na nusu. Soma mwishoni mwa pumzi ya kutoka ya kawaida, na umzungumzishe kidogo asikaze tumbo. Mita iwe sambamba na sakafu hata mgongoni. Zunguka uangalie kwa nyuma, hapo ndipo inaposhuka bila mtu kuona.

Udhaifu ni shingo. Mtu anayefanya mieleka, ndondi au kuinua chuma kizito shingo yake inanenepa kwa misuli, na fomula inampunguzia mafuta ambayo hajayapoteza. Akiwa mtu wa namna hiyo, andika kiuno chake peke yake na ukifuatilie, kibaki chini ya nusu ya urefu wake. Kwa mteja wako wa sm 172 hiyo ni sm 86.